Baraza limempa mnunuzi nyumba ya urithi: rufaa, marejeo au kuanza upya?

Kitindamimba: Wakuu, mtoto mmoja aliuza nyumba ya marehemu kabla msimamizi wa mirathi hajateuliwa. Ndugu wawili wakamshtaki mnunuzi kwa majina yao wenyewe, na Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, hapa Tanzania, likampa mnunuzi ushindi. Leo ni siku ya 31 tangu hukumu. Njia ipi ina nguvu?

KalamuNyekundu: Rufaa Mahakama Kuu. Ni siku 45 tangu uamuzi, si tangu mlipokabidhiwa nakala, kwa hiyo zimebaki 14. Siku za kusubiri nakala ya hukumu na tuzo (amri rasmi inayotokana na hukumu) huweza kuondolewa kwenye hesabu, lakini mnahitaji barua ya kuomba nakala iliyogongwa muhuri wa masjala wenye tarehe. Mkipitisha muda, itabidi kuomba kuongezewa, na kila siku ya ucheleweshaji itatakiwa maelezo.

Mapitio, yaani kulirudia Baraza lilelile, ni finyu: kosa linaloonekana wazi usoni mwa hukumu, au ushahidi mpya ambao hata kwa bidii msingeupata mapema. Marejeo ni Mahakama Kuu kukagua kasoro za mwenendo, yaani jinsi shauri lilivyoendeshwa na kumbukumbu zake. Mwenye haki ya rufaa hawezi kuyatumia kama njia ya mkato. (Watu huchanganya haya majina mawili, tazama anayeombwa ni nani.)

MzeeWaMasjala: Naongeza: rufaa peke yake haimzuii dalali wa mahakama, yule anayetekeleza hukumu. Fungueni maombi ya kusimamisha utekelezaji pamoja na hati ya kiapo inayotaja hasara kubwa mtakayopata, kwamba hamkuchelewa, na dhamana mnayoweza kuweka. "Tutaumia sana" si hasara. "Nyumba itabomolewa, na wapangaji watatu watahamishwa" ndiyo hasara.

ShangaziMirathi: Mmeruka jambo zito. Mali ya marehemu hudaiwa na msimamizi wa mirathi, si mtoto kwa jina lake. Hata mnunuzi asipoligusa, majaji wanaweza kuliibua wenyewe na kufuta mwenendo wote. Hapo ushindi wa mnunuzi nao unafutika, ila nanyi mnarudi sifuri. Swali ni je, marehemu alifariki lini? Ukomo wa kudai ardhi ni miaka 12, na kwa mali ya marehemu saa inaanza siku ya kifo. Mwaka wa nne hauna shida. Mwaka wa kumi na moja, hata mkifaulu kufuta, mnaweza kukuta mlango umefungwa.

Kitindamimba: Ni mwaka wa sita. Kwa hiyo tuteue msimamizi afungue shauri jipya?

ShangaziMirathi: Msimamizi ndiyo, tena wiki hii: muhtasari wa kikao cha ukoo, cheti cha kifo, Mahakama ya Mwanzo. Shauri jipya, bado. Hukumu ikiwa imesimama, mnunuzi atasema jambo limeshaamuliwa. Iondoeni kwanza.

KalamuNyekundu: Hapo Shangazi amenikosoa vizuri. Msimamizi hakuwa mdaawa (mmoja wa pande za kesi) kwenye Baraza, hivyo hana rufaa, na kwake marejeo si njia ya mkato tena bali ndiyo njia halali. Ana siku 60 tangu uamuzi, na tangazo la mirathi, la kuwapa watu nafasi ya kupinga uteuzi wake, nalo linakula muda huo. Wale wawili wasimsubiri. Wakate rufaa ndani ya 14 zilizobaki.

MzeeWaMasjala: Na msiandike "Baraza lilikosea kisheria na kiukweli" mkaishia hapo. Elekezeni ukurasa: SU2 (shahidi wa pili wa utetezi) alikiri nini, hukumu ikasema nini. Kabla ya yote someni mwenendo mtafute siku wazee wa Baraza (washauri wanaokaa na mwenyekiti) waliposoma maoni yao mbele ya wadaawa. Kama hukumu inasema wazee walishauri lakini mwenendo hauoneshi siku waliposoma maoni hayo, iwekeni sababu ya kwanza. Mjue tu kwamba kwa sababu hiyo, kwa kawaida mwenendo hufutwa na shauri likasikilizwa upya; nyumba haiwi yenu siku hiyo.