Mwili ulisema tumenyooka, vyombo vikasema tunapinda. Niache urubani?

Mwanagenzi: Wakuu, habari. Najifunza urubani, nina saa 31 angani. Jana mwalimu alinivisha kofia ya kuziba macho nisione nje, nikabaki na vyombo tu. Akaniambia nipinde kushoto, taratibu. Baada ya nusu dakika hivi ningeapa tumenyooka. Nilipoiweka ndege sawa, nikahisi inazungukia kulia. Nikajikuta bega limelala kushoto na mkono unarudisha usukani hukohuko, hadi mwalimu akaushika. Usingizi sikupata. Sikio langu lina kasoro?

Rubani Mstaafu: Mdogo wangu, usiache. Sikio ni zima, ndiyo maana limekudanganya. Ndani yake mna vifereji vitatu vyenye majimaji. Ukianza kupinda, majimaji yanachelewa, ubongo unajua unazunguka. Ukiendelea kupinda kwa mwendo uleule, ndani ya sekunde 10 hadi 20 yanaufikia mwendo wa vifereji na hisia inakufa. Ukinyoosha, yenyewe bado yanakwenda, nawe unahisi umegeukia upande wa pili. Ardhini macho hulisahihisha sikio. Mawinguni macho hayana pa kushika ila vyombo. Nikuulize: uligeuza kichwa?

Mwanagenzi: Ndiyo mkuu! Niliinama kuokota kalamu.

Rubani Mstaafu: Basi uliongeza kuni motoni. Ndege ikiwa inapinda, kichwa kitulie, kalamu iache. Na ukiwa na mafua, usiruke.

Giza la Juu: Kuna ubaya zaidi ya huo: ndege ikilala kidogo kidogo sana, sikio halihisi kabisa. Ile ya Kenya Airways iliyoanguka Douala, Kameruni, usiku wa 5 Mei 2007 ililalia kulia hivyo gizani, vyombo havitazamwi, hadi king'ora cha onyo kilipolia. Watu 114, wote walikufa. Ripoti ya uchunguzi ilitaja rubani kupoteza mwelekeo. Kila nikiikumbuka moyo unaniuma. Kwa hiyo ndugu, macho kwenye upeo bandia, kile chombo kinachoonyesha ndege imelala vipi, ulinganishe na dira na kipimo cha kimo, kisha urudi. Mwili upige kelele utakavyo. Ukihisi umepotewa, tamka: "Mwalimu, nimepotewa, shika wewe." Usione haya.

Mwanagenzi: Jana nilinyamaza, niliogopa angeniona sifai. Kesho asubuhi tunaruka tena. Nitamweleza yote kabla hatujawasha injini, na kalamu nitaifunga kamba.