Tupeane uzoefu: mkopo wa nyumba ulikugharimu kiasi gani hasa?

NesiWaBunju

Wakuu, habari zenu. Naomba tuongee kwa namba, maana mimi na mume wangu tumechelewa kuzijua na zimetuuma.

Aprili 2020 tulichukua mkopo wa nyumba wa shilingi milioni 80, riba asilimia 16 kwa mwaka, muda miaka 20. Nyumba ni ya vyumba vitatu, ipo Bunju, tuliipenda tangu tunafungua geti. Siku ya kusaini macho yetu yote yalikuwa kwenye mstari mmoja tu: marejesho 1,113,005 kwa mwezi. Tukapiga hesabu ya mishahara miwili, ada za watoto, nauli, tukaona tutaweza. Hakuna kati yetu aliyeuliza hiyo ukizidisha mara 240 unapata ngapi. Unapata milioni 267. Na hapo sijaweka uthamini, wakili, usajili wa rehani, ada ya kuandaa mkopo na bima, ambavyo vilitukomba karibu milioni tatu kabla hatujahamisha hata kitanda.

Hiyo jumla nimeimeza. Kilichoninyima usingizi ni kingine. Mwezi uliopita tulitimiza miaka mitano bila kuruka hata mwezi mmoja, nikaenda tawini kuomba salio. Kichwani nilikuwa na hesabu yangu: miaka mitano kati ya ishirini ni robo, kwa hiyo deni litakuwa kama milioni 60. Yule kijana akaniprintia jedwali zima la marejesho, kurasa sita. Salio: milioni 75.8.

Tumeshalipa zaidi ya milioni 66, na deni limepungua milioni nne na kidogo.

Usiku mume wangu aliyatandaza yale makaratasi mezani akawa anashuka na kidole. Mwezi wa kwanza kabisa, katika ile 1,113,005, riba ilikula 1,066,667. Zilizopunguza deni ni 46,338. Mifuko mitatu ya saruji. Alirudia kuisoma hiyo namba mara tatu, kisha akanyamaza, na mume wangu si mtu wa kunyamaza.

Sijaja kumlaumu mtu. Jedwali lilikuwepo kwenye mkataba tangu siku ya kwanza, hatukulifungua. Nataka kusikia kwenu: ninyi mlilipa nini hasa, na mlijua lini? Tena tumeuza kiwanja chetu cha Mkuranga, tuna milioni 10 mkononi. Tuziingize kwenye mkopo au tuzifanyie kitu kingine?

Syokimau_86

Pole dada. Mimi niko Kenya, na yangu ilikuja kwa njia nyingine.

Mwanzoni mwa 2022 nilikopa shilingi milioni 6 za Kenya kwa asilimia 12, miaka 20. Marejesho yalikuwa 66,065. Kwenye mkataba kulikuwa na sentensi inayosema riba itabadilika kufuatana na soko. Niliisoma, nikaielewa, nikaona ni maneno ya wanasheria tu. Basi Benki Kuu ikaanza kupandisha kiwango chake cha riba, ambacho mabenki hukifuata: mwisho wa 2022 kilikuwa asilimia 8.75, Februari 2024 kikafika 13. Kila kilipopanda, nami nilipata barua. Ya mwisho ilinifikisha asilimia 16, marejesho zaidi ya 82,000 kwa mwezi. Nyumba ni ile ile na mshahara ni ule ule.

Nilikwenda kuwaomba waniache kwenye 66,000 yangu waniongezee miaka. Afisa akageuza skrini nione mwenyewe: kwa asilimia 16, riba peke yake ya mwezi mmoja ilikuwa karibu 78,000. Ningelipa 66,000 mpaka nizeeke na deni lingekuwa linapanda. Sikujua kwamba jambo hilo linawezekana, kulipa kila mwezi na deni likue.

Mke wangu alifunga duka lake la nguo tukahamishia mtaji kwenye nyumba. Hiyo gharama haimo kwenye jedwali lolote. Benki Kuu ilianza kushusha Agosti 2024, na ninawaambia kwa uchungu, barua za kushusha hazikimbii kama za kupandisha. Ya kwanza niliipata baada ya kwenda kuiulizia mara mbili.

Kwa Wakenya wenzangu: riba ya mkopo wa nyumba unayoishi inapunguza kodi ya mapato. Tangu mwisho wa Desemba 2024 kiwango cha juu cha riba unachoweza kutoa kwenye mapato yanayotozwa kodi kimepanda kutoka 300,000 hadi 360,000 kwa mwaka. Mimi nilikaa mwaka mzima bila kudai. Peleka cheti cha riba kwa mwajiri wako.

MjengajiMwanza

Naheshimu maumivu yenu ila naomba niweke upande wa pili, kwa sababu watu wakisoma hapa watakimbilia kusema "heri kujenga kidogo kidogo".

Mimi nilijenga kidogo kidogo. Kiwanja Buswelu, 2011. Nimehamia 2022. Kwa miaka 11 nililipa kodi ya nyumba, wastani wa 150,000 kwa mwezi, hiyo ni karibu milioni 20 nilizompa mwenye nyumba. Msingi ulikaa misimu mitatu ya mvua, upande mmoja ukatitia, tukabomoa. Nondo za lenta zilishika kutu, nikanunua mara ya pili. Mbao za kenchi ziliibiwa usiku mmoja zote. Bati nililoliacha dukani mwaka ule kwa kukosa pesa, nililinunua baadaye kwa bei iliyokaribia mara mbili. Watoto wangu wawili wakubwa wamekulia kwenye vyumba viwili vya kupanga, wakati nyumba yao inaezekwa wao wanajiandaa kwenda chuo.

Kwa hiyo mtu akiniambia milioni 267, namuuliza: ungelipa kodi kiasi gani kwa miaka hiyo 20, na ungeishi wapi? Bado naamini riba ya asilimia 16 ni mzigo mkubwa mno kwa mfanyakazi. Lakini kutokukopa nako kuna bei yake, na mimi nimeilipa.

Mama wawili, Dodoma

Nimesoma nikalia kidogo. Mume wangu alifariki mwaka wa sita wa mkopo wetu.

Kila mwaka tulikuwa tukikatwa pesa ya bima ya maisha ya mkopaji, na kila mwaka tulinung'unika. Nilishawahi kumwambia hii ni pesa ya bure wanatuchukulia. Baada ya msiba shemeji yangu ndiye aliyeniuliza, "Shemeji, mkopo ulikuwa na bima?" Nikaanza kutafuta. Niliikuta kwenye bahasha ya kaki pamoja na kadi za kliniki za watoto. Ilichukua miezi minane ya kupeleka cheti cha kifo, barua za mirathi, hiki na kile, ila bima ililipa salio lote. Watoto wangu wanalala kwao.

Ninachowaomba: leo hii ombeni nakala ya hiyo bima. Angalieni ni jina la nani limeandikwa. Yetu ilikuwa ya baba peke yake, ingawa mshahara wangu pia ulikuwa unalipa. Kama ningetangulia mimi, angebaki na deni lote na mshahara mmoja.

NesiWaBunju

Pole sana mpendwa wetu, Mungu amrehemu. Nimeinuka nikaenda kuangalia yetu. Tumeandikwa wote wawili. Asante kwa kutukumbusha.

Mkaazi wa Fuoni

Assalaam aleikum. Huku Zanzibar sisi tulichukua kwa murabaha, kwa sababu ya dini. Benki ilinunua nyumba kwa milioni 60, ikatuuzia sisi kwa milioni 108, tulipe 900,000 kwa mwezi kwa miaka 10. Sitawadanganya kwamba ilikuwa rahisi kuliko za wenzangu, faida yao ni milioni 48. Lakini ile 108 niliijua kabla ya kuweka sahihi na haitaguswa, soko lipande lishuke. Nimelipa miaka saba kwa utulivu. Kitu kimoja nilichokuja kukijua baadaye: ukitaka kumaliza mapema, kwenye mkataba wetu punguzo si haki yako, ni hiari yao. Uliza hilo kabla.

Houston_MtuWaTanga

Niko Texas. Watu wa nyumbani wakisikia nilikopa kwa asilimia 3 mwaka 2021 wanadhani nimepewa bure. Dola 240,000, miaka 30, riba haibadiliki mpaka mwisho. Marejesho dola 1,012, jumla nitalipa kama 364,000. Mdogo wangu alikopa kiasi hicho hicho miaka miwili baadaye kwa asilimia 7: analipa 1,597 kwa mwezi, na jumla yake inafika 575,000. Dola 240,000 zile zile.

Ila mimi sipeleki 1,012. Mkopeshaji anakusanya pamoja na marejesho kodi ya jengo na bima ya nyumba, na hivyo viwili vinaweza kupanda. Texas haina kodi ya mapato ya jimbo, kwa hiyo uzito unaangukia kwenye nyumba. Nilianza kupeleka kama 1,750, sasa napeleka 2,140. Juu yake kuna bima nyingine ya kumlinda mkopeshaji, kwa sababu kianzio changu, pesa niliyotoa mwenyewe wakati wa kununua, hakikufika asilimia 20 ya bei. Deni likishuka hadi asilimia 80 ya thamani ya awali una haki ya kuomba iondolewe, lakini uombe kwa maandishi. Hapa wageni wengi, Waswahili wenzangu wakiwemo, wanaendelea kuilipa kwa kutojua.

Mwl. Iringa

Fupi tu. Mimi nilikopa milioni 10 ya kupaua, wakaniambia "asilimia 12 tu kwa mwaka". Kumbe ni riba inayopigwa juu ya milioni 10 yote kwa miaka yote mitano, hata nikiwa nimebakiza milioni moja. Marejesho 266,667, jumla milioni 16. Mwanangu anayesoma uhasibu alinikokotolea: ukiilinganisha na mikopo ya riba ya salio linalopungua, ni zaidi ya asilimia 20. Ulizeni riba inapigwa juu ya nini.

MstaafuTanga

Nimekaa upande wa pili wa ile meza miaka 22, mikopo ya nyumba na ya watumishi. Nimeusoma uzi wote, na naona nina deni kwenu.

Dada wa Bunju, hakuna aliyekuibia. Kila mwezi riba inapigwa juu ya salio. Salio likiwa milioni 80, asilimia 16 kwa mwaka ni milioni na kitu kwa mwezi, na marejesho yamepangwa yaivuke riba kidogo tu ili yatoshe kwenye mshahara, ile theluthi moja ya mshahara isiyotakiwa kukatwa ibaki. Ndiyo maana muda mrefu ni mtego mtamu. Mngechukua miaka 15 badala ya 20, marejesho yangekuwa kama 1,175,000. Ni 62,000 tu zaidi kwa mwezi. Jumla ingekuwa milioni 211 badala ya 267. Nimewaona mamia ya wateja wakichagua 20 kwa sababu ya hiyo 62,000, na mara nyingi sisi ndio tuliowapendekezea. Sikuwahi kumwonyesha mteja hizo jumla mbili kwenye karatasi moja. Najuta kwa hilo.

Sasa milioni 10 zako. Ziingize, lakini sikiliza vizuri, kwa sababu kuna namna mbili. Ukizipeleka bila kusema kitu, mara nyingi mfumo utaacha muda ule ule wa miaka 15 iliyobaki na kupunguza marejesho, yashuke hadi kama 966,000. Utafurahi, lakini utakuwa bado na kama milioni 174 za kulipa. Ukiomba marejesho yabaki 1,113,005 na muda ndio upungue, mkopo unakwisha kwa miezi 118 badala ya 180, na jumla iliyobaki inakuwa milioni 130. Kiasi ni hicho hicho cha milioni 10. Tofauti ya milioni 43 inatokana na sentensi moja kwenye barua.

Kabla ya kuandika, fungua mkataba utafute kifungu cha kulipa kabla ya muda, uone kama kuna adhabu na ni kiasi gani. Barua andika nakala mbili, ya kwako igongwe muhuri wa kupokelewa. Kisha dai jedwali jipya. Usiondoke na ahadi ya mdomo.

Na ukimaliza deni, usikae ukisubiri. Rehani lazima ifutwe kwenye daftari la msajili wa hati. Nimeona watu wamemaliza kulipa, miaka inapita, siku wanataka kuuza wanakuta hati bado imefungwa.

NesiWaBunju

Nimerudi baada ya wiki tatu. Mzee wetu wa Tanga, shikamoo na asante.

Adhabu ya kulipa mapema ilikuwepo, ndogo, tumeilipa. Tulizipeleka zile milioni 10 na barua. Wiki iliyofuata nikapata ujumbe kwenye simu: marejesho yako mapya ni 966,135. Kama ulivyosema. Mume wangu alitaka tuache, akasema hiyo laki na nusu inatosha ada ya mtoto. Tulibishana jioni nzima. Asubuhi akaichukua nakala ya barua yenye muhuri akaenda nayo mwenyewe kabla ya kuingia kazini, akakaa pale mpaka wakarekebisha.

Jedwali jipya lina kurasa tatu. Mstari wa mwisho ni mwanzoni mwa 2035, badala ya Aprili 2040. Mdogo wetu atakuwa na miaka 17. Tumelibandika nyuma ya mlango wa kabati, na mume wangu ameanza kukata mistari kwa kalamu nyekundu, mmoja kila tarehe 28.

Wengine endeleeni, nasoma kila kitu. Hasa wa SACCOS na wa mikopo ya mwajiri, bado hatujawasikia.