Acheni kuihukumu "My War" ya Black Flag kwa spika za simu!

Wakuu, hii tabia inakera. Kila ukifunguliwa uzi wa panki lazima atokee mtu aseme "My War", albamu ya Black Flag, bendi ya panki ya Marekani, ni nusu albamu, eti upande wa pili wa sahani bendi ilichoka. Mnasikiliza au mnakariri maneno ya wenzenu?

Baada ya albamu yao "Damaged" ya 1981, kesi na kampuni ya rekodi ya Unicorn Records iliwazuia kutoa rekodi kwa jina lao, na mpiga gitaa Greg Ginn na mpiga besi Chuck Dukowski wakalala jela siku 5. Unicorn ilipofilisika mwishoni mwa 1983 ndipo mlango ukafunguka. "My War" ikatoka 1984 kupitia SST, kampuni ya rekodi ya Ginn mwenyewe. Dukowski keshaondoka (wimbo wenye jina la albamu ni wake, lakini), kwa hiyo Ginn akapiga gitaa na besi pia, besi akaiandikia jina la uongo: Dale Nixon. Mashabiki wa hadikoo (panki kali ya kasi) wa wakati ule walipima bendi kwa kasi. Ginn akawawekea "Nothing Left Inside", "Three Nights" na "Scream", kila mmoja zaidi ya dakika 6, mwendo wa kukokota. Wengi walinuna. Bendi ya Melvins haikununa, ikapunguza mwendo, na metali nzima ya polepole yenye uchafu wa panki ikafuata njia hiyo. Kurt Cobain wa Nirvana naye aliiweka albamu hii kwenye orodha yake ya albamu 50 anazozipenda. Halafu wewe unasema "inaboa".

Sasa tatizo lenu. Waya mnene wa besi ukipigwa wazi unatoa takriban hezi 41, sauti nzito sana. Spika ya simu haifiki huko hata kwa dawa, kwa hiyo unabaki na gitaa linalokwaruza na mwimbaji Henry Rollins anayelia, bila kitu cha kuwabeba. Vaa hedifoni. Zima mpangilio wa kuchanganya nyimbo, zima na kile kipengele kinachopachika mwanzo wa wimbo juu ya mwisho wa uliotangulia. Kisha anza wimbo wa 7, uende hadi wa 9 bila kuruka.

Na nyie bendi mnaozirudia nyimbo hizi, mnaziua. Mpiga ngoma anaogopa ukimya, anaujaza kwa mbwembwe, na kufika dakika ya 3 mwendo umeshapanda. Wekeni metronomu, kila pigo aligawe mara 2 kichwani, mikono itulie. Wapiga gitaa, punguzeni mkwaruzo na rudisheni sauti za kati. Mkizikata mnapata uji, na gitaa la Ginn ni kavu, kila noti isiyokaa sawa inasikika makusudi.

Anayebisha aje, ila aseme kwanza "Scream" aliizima dakika ya ngapi.