Aljebra yenye sehemu: mlieleweshwaje? Tupeane uzoefu

Mama S.1, Jinja
Habari zenu wapendwa. Binti yangu kaanza S.1 (kidato cha kwanza hapa Uganda), na sasa kila jioni ni x/2 na x/3 mezani. Shuleni ni Kiingereza, nyumbani Kiswahili, nami namweleza kwa maneno yangu. Nyinyi mliwezaje? Leteni mifano, msiniambie "asome kwa bidii" tu.

Fundi cherehani, Bombo
Wanangu wote walikuwa wakijumlisha juu kwa juu, chini kwa chini: x/2 + x/4 wanapata 2x/6. Nikawaonyesha kitambaa. Nusu mita ukiongeza robo, utapataje theluthi? Umeongeza kikapungua? Geuza nusu iwe robo mbili kwanza: 2x/4 + x/4 = 3x/4.

Mwalimu wa hesabu, Arua
Hilo la fundi huisha mapema. Linalowafuata hadi S.4 ni hili: 2x/3 + x/4 − x/6. Namba ndogo kabisa inayogawanyika kwa 3, 4 na 6 ni 12. Mtoto anazidisha zote kwa 12, anapata 8x + 3x − 2x, anaandika 9x, anafunga daftari. Na ile 12? Kwenye mlinganyo ungezidisha pande zote mbili, ikawa halali. Hapa hakuna upande wa pili, kwa hiyo 12 inabaki chini: 9x/12, yaani 3x/4. Akibisha, mpe x = 12 ajaribu. Swali lenyewe linatoa 8 + 3 − 2 = 9; 3x/4 inatoa 9; jibu lake linatoa 108. Hapo hubishani naye tena.

Mama S.1, Jinja
Mwalimu, ndicho alichoandika jana hichohicho!

Bodaboda, Busia
Mimi alama ya kutoa ndiyo naiogopa zaidi. (x + 1)/2 − (x − 2)/3: kaka yangu alinizoesha kuandika mabano, hata kama naona uvivu. Chini inakuwa 6, juu 3(x + 1) − 2(x − 2), ile −2 mara −2 inakuwa +4, jibu (x + 7)/6. Wasioweka mabano hupata x − 1 juu.

Mama S.1, Jinja
Anauliza: ingekuwa (x + 6)/6, hizo 6 zinakatana?

Mwalimu wa hesabu, Arua
Hapana mama. Ya juu imejumlishwa, haikuzidishwa. 6x/6 ndiyo ingekatana.