Wageni 11 Jumamosi, matembezi ya miguu Kampala. Njia imenishinda, nipunguze wapi?

Mtembezi Nakasero (Jumanne, saa 3:10 usiku)

Wakuu, habari za usiku. Niko Kampala, kazi yangu ni kutembeza wageni kwa miguu na kuwaeleza sanaa na majengo ya mjini. Jumamosi hii napokea walimu 11 wa sanaa kutoka Bukoba, wanaingia Ijumaa usiku kwa basi la Mutukula. Wanataka maelezo kwa Kiswahili tupu, ndiyo maana nimekuja kuuliza hapa.

Njia niliyowaahidi: tunaanza Jumba la Maigizo la Taifa, tunapita Bunge na tao lake, tunashuka kwenye Sanamu ya Uhuru, Barabara ya Kampala na maduka ya zamani ya Wahindi, soko la Nakasero, kituo cha zamani cha takisi, kisha Msikiti wa Taifa pale Old Kampala mpaka juu ya mnara. Halafu Chuo Kikuu cha Makerere, Jumba la Makumbusho kule Kamwokya, na kumalizia Hekalu la Wabahai, Kikaaya. Saa 4 kwa jumla.

Jana niliipita peke yangu, nikisimama kila mahali kama ninaeleza. Saa 4 ziliniishia kwenye ngazi za mnara. Tangu jana sipati usingizi. Nikate wapi bila wageni kuona wamepunjwa?

Mwalimu wa Rangi

Usikate Makerere! Hao ni Watanzania na ni walimu wa sanaa, pale ndipo kwao. Margaret Trowell alianza kufundisha sanaa Makerere mwaka 1937, na waliopita mikononi mwa shule ile ni pamoja na Sam Ntiro wa Kilimanjaro, aliyechora mashamba na watu wa kwao, akafundisha hapo hapo Makerere, na baadaye akawa balozi wa Tanganyika London. Elimo Njau wa Marangu naye alisoma pale. Mimi nafundisha shule ya msingi na watoto wangu hawamjui Ntiro hata kwa jina, inaniuma kila muhula. Wapeleke, wasimame mbele ya shule ile, wajue.

Shangazi wa Entebbe

Mwanangu, usisahau maji na mahali pa kujisaidia. Watu 11, wengine ni watu wazima. Na msikitini akina mama wajifunike, waambie mapema waje na kanga zao. Mimi nilipanda ule mnara miaka ile nikiwa na sukari, ngazi zaidi ya 300, nikakaa katikati nikasali. Nilipofika juu nikaona vilima vyote, Namirembe na kanisa lake jekundu, Rubaga na minara yake miwili, Kibuli kule, nikalia. Sijui hata nililia nini.

Boda Mstaarabu

Walimu hao uwape rolex, ile chapati ya kuviringishwa na mayai, moja moja ya mayai mawili, watatembea mpaka Jinja. 😂

Fundi Mwashi

Ndugu, swali moja kabla ya njia. Kwenye maelezo yako mara "napokea", mara "tunapita". Wageni hawa uliwapata vipi? Mtu anayejua kazi hii haahidi Kikaaya kwa miguu. Na Bunge, umewaambia kuhusu kamera? Askari pale hawana mchezo.

Mtembezi Nakasero

Asanteni. Mwalimu wa Rangi, hayo ya Ntiro nitayatumia. Shangazi, kanga nimeandika. Fundi, kamera najua. Wageni nimewapataje hakuhusiani na njia, mimi nauliza njia.

Fundi Mwashi

Kunahusiana. Aliyeahidi njia hii alikuwa anamvutia mtu fulani kwa haraka. Sema.

Binti Bombo

Nami nimelihisi hilo. Kaka, sema tukusaidie.

Mtembezi Nakasero (saa 4:25 usiku)

Sawa. Kuna mama mmoja ndiye aliyenifundisha kazi hii. Nimembebea mkoba na mwavuli miaka 2. Wiki tatu zilizopita alianguka kwenye boda, mguu uko kwenye plasta, hatembei. Walimu hawa walimtafuta yeye. Nikawapokea mimi.

Kabla hamjanirukia: mama alikuwa ananilipa shilingi 20,000 kwa siku, awe amepata wageni wawili au ishirini. Sikulalamika hata siku moja. Lakini nusu ya yale anayoyaeleza sasa tuliyatafuta pamoja. Wageni wangeenda kwa mtu mwingine kabisa, afadhali wabaki kwetu. Na malipo ya awali nimeshayapokea, nimenunua kipaza sauti cha mkononi kwa sababu pale kituo cha takisi bila kipaza hakuna anayekusikia. Kurudi nyuma siwezi.

Shangazi wa Entebbe

Mama mgonjwa, na wewe unamla akiwa kitandani? Mwanangu! Aliyekufundisha ni mzazi wako. Nenda ukapige magoti.

Mkongo wa Katwe

Shangazi, pole pole. Mimi nilitoka Bukavu nikajifunza ushonaji kwa mzee mmoja pale soko la Owino. Alipougua, wateja waliniletea vitambaa vyao. Nilishona. Aliporudi nikampa hesabu yote kwenye daftari, kila shati, kila gauni, akachukua theluthi mbili akaniachia moja. Mpaka leo cherehani yangu iko pembeni ya yake. Tatizo langu kwa huyu ndugu ni moja: sijasikia neno hesabu.

Binti Bombo

Mkongo umenikumbusha babu yangu kule Bombo, alikuwa fundi viatu wa kambi ya jeshi, kila jozi aliipiga mstari ukutani kwa mkaa. Ukuta wote ulikuwa madaftari. Tulipopaka chokaa alitununia mwezi mzima.

Mchunguzi

Wakuu, mnapoteza muda. Hii ni CHAI. Kutoka Jumba la Maigizo mpaka Hekalu la Wabahai ni kama kilomita 6 kwa njia ya moja kwa moja, na huyu anakwenda kwanza Old Kampala upande wa pili, kisha Makerere, kisha Kamwokya. Eti saa 4! Hajawahi kukanyaga Kampala. Amefungua ramani kwenye simu akaokota majina. Na nani anamtumia pesa mtembezaji asiyemjua?

Boda Mstaarabu

Kweli mazee. Mimi hiyo safari nadai 25,000 kwa pikipiki.

Mwalimu wa Rangi

Mchunguzi, hata kama ni chai, habari za Makerere nilizoandika ni za kweli na zibaki.

Mchunguzi

Nampa mtihani. Aeleze Sanamu ya Uhuru, halafu atuambie kitu kimoja cha njia hiyo ambacho hakipatikani kwenye simu. Akishindwa, uzi ufungwe.

Mtembezi Nakasero (Jumatano, saa 12:40 asubuhi)

Sanamu iko Nile Avenue, na ni kazi ya Gregory Maloba, mzaliwa wa Kenya, mwanafunzi wa Trowell aliyekuja kuwa mwalimu Makerere. Ni ya uhuru wa 1962. Mama amesimama, mwili umezungushiwa vitambaa kama mtu aliyefungwa majeraha, na amemwinua mtoto juu kabisa, mtoto mikono hewani. Wageni wengi hutazama mtoto tu. Yule mama aliyenifundisha huwaambia watazame kuanzia miguuni, wapande na vile vitambaa taratibu, ili mtoto awe wa mwisho. Huwa hasemi kitu mpaka wote wameinua shingo.

La pili. Katikati ya mji, kwenye maduka ya baraza yaliyojengwa na Wahindi kabla hawajafukuzwa mwaka 1972, mengi yana jina la familia na mwaka wa kujengwa vimechongwa juu kwenye plasta. Kuna moja ambalo bango la duka la simu limefunika tarakimu ya mwisho. Unaona 1, 9, 3, halafu bango. Niliigundua mimi, mvua imetubana chini ya baraza la upande wa pili. Tangu siku hiyo mama husimamisha wageni pale awaulize: familia hii ilikaa hapa miaka mingapi kabla ya kupewa siku 90? Kila mtu anataja tarakimu yake na kupiga hesabu yake. Siku moja mwenye duka alichoka na kelele zetu, akatoka na mpini wa ufagio, akalisukuma bango pembeni. Ilikuwa 8. Mzee mmoja kwenye kundi akasema taratibu, "Miaka 34," akavua kofia. Mama aliniangalia mimi, hakumwangalia mzee. Siku hiyo nilijua hii ndiyo kazi yangu.

Mchunguzi, hilo liko kwenye simu gani?

Na Kikaaya nitasema ukweli. Simu ya kazi ni ya mama, aliniachia nipokee tu. Walimu waliandika, "Tunamtaka Mama." Nikajibu kwamba amestaafu. Wakasema basi watafikiri. Nikaogopa watakimbia, nikaanza kuongeza: Makerere, makumbusho, hekalu. Wakakubali. Hayo ndiyo yote.

Fundi Mwashi

Hapo sasa. Kumbe njia si ndefu, neno "amestaafu" ndilo refu.

Shangazi wa Entebbe

Umemzika mtu aliye hai. Mimi sina la kuongeza, nimekasirika.

Mkongo wa Katwe

Ndugu, beba daftari, beba pesa iliyobaki, nenda leo. Usipige simu, nenda.

Mchunguzi

Hiyo ya ufagio imenishika. Ila bado sijakubali. Mtu mwenye kipaji anaweza kuitunga.

Fundi Mwashi

Na njia nikupe, maana ndicho ulichouliza. Siku ya kwanza ishia msikitini. Kilima kile kinatosha kufunga: Lugard, yule Mwingereza, aliweka ngome yake pale mwaka 1890, na makumbusho yenyewe yalianzia kilimani hapo mwaka 1908 kabla ya kuhamia jengo lililochorwa na msanifu Ernst May, lililofunguliwa 1954. Kwa hiyo ukiwa juu ya mnara unaonyesha kwa kidole, unasema vitu vilianza hapa, vikaishia kule Kamwokya. Hujawanyima makumbusho. Makerere weka Jumapili asubuhi kwa takisi. Kikaaya waombe radhi. Lile hekalu linahitaji mtu akae kwenye nyasi atazame kuba bila haraka, si mtu anayehema.

Binti Bombo

Na usipite Jumba la Maigizo ukaonyesha mbele tu. Yale matundu ya zege ukutani, waingize ndani wayaone yakipitisha mwanga. Kisha nyuma kuna vibanda vya sanaa, walimu watapenda vikapu.

Mtembezi Nakasero (Alhamisi, saa 2:05 usiku)

Nilikwenda jana jioni. Nilimkuta uani, mguu juu ya kiti cha plastiki, anachambua mchele. Nikaweka simu na pesa kwenye ungo kwa sababu sikujua niweke wapi. Nikamwambia yote, na lile neno la kustaafu. Aliendelea kutoa mawe. Baadaye akauliza, "Unaanzia wapi?" Nikasema Jumba la Maigizo. "Dukani unasimama upande gani?" Nikasema upande wa pili, chini ya baraza. Akaniambia nisome meseji zote za walimu kwa sauti, zangu na zao. Ile ya kustaafu alinirudisha nikaisoma mara mbili. Ilikuwa ngumu kuliko kupiga magoti.

Kisha akachukua simu akawapigia mwenyewe. Akawaambia yuko hai, mguu ndio umestaafu kwa muda, na Kikaaya haipo. Hakuna aliyejitoa. Pesa amezihesabu, akakata bei ya kipaza kwenye fungu langu. Jumamosi ataletwa kwa gari mpaka kwenye sanamu, atakaa kivulini, sanamu ataieleza yeye. Kabla na baada ni mimi. Njia ni ya Fundi, ameipitisha, isipokuwa kituo cha takisi anataka tukitazame tukiwa juu ya mnara, tusipite katikati na watu 11.

Juu ya kazi yetu kuanzia Jumatatu hakusema kitu, nami sikuuliza.

Mkongo wa Katwe

Daftari lianze hiyo hiyo Jumamosi.

Mchunguzi

Nipo Ntinda. Nitakuja kuona hilo bango.

Mtembezi Nakasero

Karibu. Saa 2 kamili asubuhi, mlango wa Jumba la Maigizo. Utalipa kama wengine.