Kupe hawaishi kwenye nyasi za nyumbani

Mwenye swali (Arusha)
Habari zenu, ndugu zangu. Nina ua mdogo uliopandwa ukoka, mbwa wawili na paka mmoja. Kila jioni nawatoa mbwa kupe masikioni na katikati ya vidole, na juzi nilimkuta mmoja, amevimba kama punje ya mbaazi, akipanda ukuta wa sebule. Nimefyeka nyasi zikabaki fupi na kuzipulizia dawa ya josho mara mbili, lakini hawaishi. Je, niung'oe ukoka wote nimwage zege?

Jibu la kwanza
Ndugu yangu, usiung'oe. Umesema kupe hawaishi kwenye nyasi, na bila kukusudia umelenga penyewe: hawaishi kwa sababu hawaishi hapo. Kupe wa mbwa, yule wa rangi ya hudhurungi, hupenda nyufa za banda na za kuta. Katika maisha yake hunyonya damu mara tatu, akiwa mtoto mwenye miguu sita, kisha kijana, kisha mkubwa, na kila akishiba hudondoka na kutafuta ufa wa kujificha. Huyo uliyemwona ukutani huenda alikuwa jike akitafuta pa kutagia, na jike mmoja hutaga mayai kwa maelfu. Watibu mbwa wote siku moja, choma matandiko ya banda, ziba nyufa kwa saruji, na urudie dawa kwenye banda kama kibandiko kinavyoelekeza, kwa kuwa mayai hayafi kirahisi.

Jibu la pili
Naafiki, ila nyasi zisisahauliwe kabisa ikiwa mifugo ya jirani hupita kando ya ua wako. Kupe wa ng'ombe, wakiwemo wanaoeneza ndigana kali, hukaa kwenye ncha za majani marefu wakiwa wamenyoosha miguu ya mbele, wakimsubiri mnyama apite. Mimi nilifyeka chini ya michongoma, nikazoa majani makavu na kumwaga kokoto upana wa mita moja, jua likafanya kazi iliyobaki.

Jibu la tatu
Mwenzetu ana paka, jambo ambalo naona limepitwa. Dawa ya mbwa yenye permetrini, ambayo ni ya jamii ya pareto, inaweza kumuua paka, kwa hiyo muulize daktari wa mifugo kabla ya kupaka chochote. Kupe aliyeng'ang'ania ashikwe kwa kibanio karibu kabisa na ngozi, avutwe taratibu bila kusokotwa, wala asimwagiwe mafuta ya taa.

Mwenye swali
Nashukuruni sana. Leo nimechokonoa ufa ulio nyuma ya banda kwa njiti ya ufagio, wakatoka wengi mno, wadogo kuliko mbegu za mchicha, wakaanza kuupanda ukuta. Fundi anakuja kesho na mfuko wa saruji, na paka nimempeleka kwa dada yangu.