Gumzo la Ukoo: Indiketa ya Kushoto ya Gari la Babu

Rehema (saa 2:05 asubuhi): Shikamoo Mjomba, shikamoo Shangazi, na habari za asubuhi kwa ndugu wengine wote. Naomba msaada kuhusu gari la Babu. Tangu juzi, kila nikiwasha indiketa ya kushoto, mlio wake unakwenda mbio karibu mara mbili ya ule wa kulia, na mshale wa kijani kwenye dashibodi nao unapepesa kwa kasi hiyohiyo. Upande wa kulia hauna neno. Nimelizunguka gari na kuona balbu zote za kushoto zinawaka, ndiyo maana sielewi kinachosumbua ni nini.

Jabiri (saa 2:11): Rehema, jibu ninalo tayari. Kifaa kinachozifanya taa ziwake na kuzimika ni rilei ya indiketa, ile ambayo mafundi wanaiita flasha, kwa hiyo mwendo ukiharibika bila shaka ni yenyewe imechoka. Nilinunua mpya jana jioni na nitakuja kuifunga leo mchana.

Mjomba Hamisi (saa 2:30): Marahaba, Rehema. Jabiri mwanangu, hiyo rilei iache ndani ya boksi lake kwanza. Rilei ya gari lile ni moja tu na inahudumia pande zote mbili, na kama ingekuwa imekufa, upande wa kulia nao ungeugua. Upande mmoja ukienda mbio na mwingine ukabaki na mwendo wake wa kawaida, ugonjwa unatafutwa mbele ya mkono wa indiketa, yaani kwenye nyaya, soketi, balbu au arthi (waya unaorudisha umeme kwenye bodi ya gari) za upande huo. Rehema, nifanyie jambo moja dogo kabla hatujashika hata bisibisi: washa taa za dharura, halafu uhesabu mipepeso kwa dakika nzima.

Rehema (saa 2:41): Nimehesabu mara 82 nikiwa nimewasha za dharura. Indiketa ya kulia peke yake ni 84, na ya kushoto ni 160 na ushei. Kwa nini za dharura ziende vizuri wakati upande wa kushoto nao umo ndani yake?

Mjomba Hamisi (saa 2:55): Swali zuri sana, na nitalijibu kwa urefu kwa sababu ukilielewa hili, sehemu kubwa ya kazi itakuwa imekwisha. Mwendo unaotakiwa ni kati ya mipepeso 60 na 120 kwa dakika, kwa hiyo 82 na 84 ni afya njema. Sasa, rilei za zamani sana zilikuwa na miguu miwili, yaani ncha mbili za kuunganishia nyaya, na ndani yake mlikuwa na kibati cha metali mbili zilizobanwa pamoja. Umeme uliokwenda kwenye balbu ulikipasha moto, kikapinda na kukata mkondo, kikapoa na kuuunganisha tena. Katika rilei ya namna hiyo, balbu moja ikiungua mkondo hupungua, kibati hakipati joto la kutosha, na mara nyingi taa zilizobaki hupepesa polepole au hubaki zimewaka tu. Rilei za kielektroniki hufanya kinyume chake, kwa kuwa zinapima mkondo na zikiona umepungua chini ya kiwango zinaongeza kasi makusudi ili dereva ajue kwamba kuna taa haifanyi kazi. Upande mmoja wa gari hilo una balbu ya wati 21 mbele, nyingine ya wati 21 nyuma na kijitaa cha wati 5 ubavuni, jumla wati 47, ambazo kwa volti 12 ni karibu ampea 4. Ukitoa moja ya wati 21, zinabaki wati 26, na rilei inalalamika. Lakini ukiwasha za dharura, rilei inabeba pande zote mbili kwa pamoja, na hata kama balbu moja haipo, mzigo uliobaki bado ni mkubwa kuliko ule wa upande mmoja ulio mzima. Haina sababu ya kulalamika.

Babu (saa 3:02): Rilei ya miguu miwili ndiyo iliyokuja na gari. Ilikufa zamani, na fundi akaniwekea ya miguu mitatu.

Mjomba Hamisi (saa 3:04): Ahsante, Mzee. Basi ni ya kielektroniki, na tuuchukulie mlio wake kama taarifa ya kweli: upande wa kushoto unavuta umeme mdogo kuliko inavyostahili. Rehema, uliposema balbu zote zinawaka, je, zinawaka sawasawa? Simama nyuma ya gari, umwombe mtu akuwashie kushoto kisha kulia, ulinganishe mwanga. Halafu akanyage breki huku indiketa ya kushoto ikiwa imewashwa.

Shangazi Mwanaidi (saa 3:10): Samahani kwa kuingilia kati, shemeji, lakini kwa kuwa mnazungumzia taa za dharura, nami nina jambo la jamaa hiyohiyo. Gari langu taa za dharura zinafanya kazi vizuri kabisa, ila indiketa hazifanyi kazi upande wowote, wala mlio hausikiki. Wiki nzima natoa mkono dirishani kama mwendesha baiskeli.

Mjomba Hamisi (saa 3:19): Shemeji, lako ni jepesi kuliko unavyodhani. Kama za dharura zinawaka pande zote, basi balbu, soketi na nyaya za nje ni nzima, na kama gari lako linatumia rilei moja kwa kazi zote mbili, nayo ni nzima. Anza na fyuzi. Indiketa huwa na fyuzi yake inayopata umeme baada ya kuwasha swichi ya gari, tofauti na ile ya taa za dharura, kwa sababu za dharura zinatakiwa ziwake hata ufunguo ukiwa mfukoni. Ukiikuta imeungua weka ya ampea zilezile zilizoandikwa kwenye kifuniko, usiongeze hata kidogo, maana fyuzi kubwa haiondoi hitilafu bali inauacha waya uungue badala yake. Ukikuta fyuzi ni nzima, mshukiwa wa pili ni kitufe chenyewe cha taa za dharura. Katika magari mengi ya umri huo, umeme wa indiketa za kawaida unapita ndani ya kitufe hicho kikiwa kimezimwa, na kwa kuwa hakibonyezwi hata mara moja kwa mwaka, vigusio vyake vya ndani huota uchafu. Kibonyeze na kukiachia mara 20 au 30 mfululizo, kisha jaribu indiketa.

Rehema (saa 3:33): Mjomba, nimeona ajabu. Taa ya nyuma kushoto inawaka kweli, lakini mwanga wake umefifia ukilinganisha na wa kulia. Na breki ilipokanyagwa, taa ya breki ya kushoto ikawa inapepesa pamoja na indiketa, tena kwa zamu: moja ikipata nguvu, nyingine inapungua. Hata taa ndogo ya nyuma, ambayo hatukuiwasha, ilikuwa inaonyesha mwanga hafifu.

Jabiri (saa 3:36): Hapo basi nyaya zimegusana. Tufumue mkanda wote wa nyaya za nyuma.

Mjomba Hamisi (saa 3:48): Usifumue kitu, mwanangu. Taa zinazochanganya kazi zake namna hiyo ndani ya nyumba moja ya taa, kwa asilimia kubwa ni arthi. Balbu zote za upande ule zinarudisha umeme kwenye bodi ya gari kupitia waya mmoja mweusi au wa kahawia uliofungwa kwa skrubu, na pale panapoota kutu umeme hukosa njia ya kurudi, ukatafuta mlango wa jirani: unapita kwa nyuma kwenye uzi wa taa ya breki au wa taa ndogo, na kuzifanya ziwake bila kuitwa. Pima, usikisie. Rehema, chukua ile mita ya umeme ya Babu, iweke kwenye volti za mkondo mnyoofu, ncha nyekundu iguse kipande cha arthi kwenye soketi ya taa ya nyuma kushoto, ncha nyeusi iguse chuma kisicho na rangi kwenye bodi, halafu uwashe indiketa. Arthi nzuri itaonyesha sifuri au sehemu chache za kumi za volti.

Rehema (saa 4:20): Inaruka kati ya sifuri na volti 4.1. Upande wa kulia haizidi 0.1.

Mjomba Hamisi (saa 4:24): Hizo volti 4 ndizo zilizopotea njiani, na balbu inabaki na takriban 8 tu, ndiyo maana imefifia. Fungua zulia la ndani ya buti upande wa kushoto, ufuate waya wa arthi kutoka kwenye taa hadi skrubu yake. Toa waya wa betri wa hasi kwanza. Fungua skrubu, sugua kichwa cha waya na bati chini yake kwa msasa mpaka chuma king'ae, kaza tena kwa nguvu, kisha upake grisi kidogo kwa juu kuzuia unyevu. Na kwa kuwa umefika huko, chungulia ndani ya soketi ya balbu. Ukiona unga wa kijani kwenye kigusio cha katikati, uukwangue nao.

Shangazi Mwanaidi (saa 4:31): Fyuzi ilikuwa nzima. Nimekibonyeza kitufe mara 20 hapakutokea kitu, na nilipofika ya 26 hivi indiketa zikawaka, zikazima, zikawaka tena. Sasa zinakwenda. Niamini kwamba zimepona?

Mjomba Hamisi (saa 4:35): Umeujua ugonjwa, lakini dawa hiyo ni ya siku chache. Kitufe kinyunyiziwe dawa ya kusafishia vigusio vya umeme, na kikisumbua tena kibadilishwe. Mkono wako uendelee kuwa tayari dirishani.

Rehema (saa 6:10 mchana): Nimemaliza. Skrubu ilikuwa imepakwa rangi ya bodi, na chini yake kutu imejaa tele, nadhani ni tangu gari liliponyooshwa ubavu. Nimesugua, na mita sasa inasoma 0.1. Taa ya nyuma inang'aa sawa na ya kulia, na breki haipepesi tena. Lakini Mjomba, mlio bado unakwenda mbio! Umepungua kidogo tu, kama 150.

Jabiri (saa 6:12): Sipendi kusema nilisema, lakini rilei iko hapa mkononi.

Mjomba Hamisi (saa 6:20): Bado, Jabiri. Upande wa kulia unaendelea kuwa sawa, kwa hiyo rilei haina kosa. Rehema, arthi ilikuwa ugonjwa wa zamani ambao hakuna aliyeutazama, na sasa tutafute ule ulioanzisha mbio hizi juzi. Nenda mbele ya gari. Iangalie taa ya kushoto inavyozimika, uniambie inazimika vipi. Balbu yenye uzi wa moto huchukua muda mfupi kupoa, kwa hiyo mwanga wake hunywea polepole.

Rehema (saa 6:27): Ya kulia inanywea kama ulivyosema. Ya kushoto inakatika ghafla kama imepigwa kisu, na mwanga wake ni mkali zaidi.

Mjomba Hamisi (saa 6:29): Hiyo si balbu ya uzi. Nani ameishika taa hiyo?

Jabiri (saa 6:41): Baba, ni mimi. Jumamosi nilipokuwa naliosha gari niliona balbu ya mbele kushoto imeungua, nami nilikuwa na balbu ya LED iliyobaki kutoka kwenye pikipiki yangu, ikaingia bila shida yoyote. Iliwaka vizuri, na kwa kuwa niliijaribu kwa taa za dharura tu, sikusikia mlio wowote wa mbio. Sikudhani ingehusika.

Mjomba Hamisi (saa 6:50): Inahusika yote. LED yako inatumia wati chache tu mahali pa 21, kwa hiyo rilei inaona kana kwamba soketi ni tupu, na hiyo mpya uliyonunua, ikiwa ni ya aina ileile, ingeimba wimbo uleule. Kuna watu wanaofunga kizuizi cha umeme cha ohmu 6 sambamba na LED ili kuidanganya rilei, lakini kizuizi hicho huwa cha moto wa kuunguza na kikiegemezwa kwenye plastiki kinaiyeyusha. Wengine huweka rilei maalumu za LED, ambazo hazihesabu mzigo, na hapo unapoteza taarifa pale balbu inapoungua kweli. Kwa gari hili sioni faida ya lolote kati ya hayo. Weka balbu ya kawaida ya volti 12, wati 21, yenye uzi mmoja. Kioo cha taa chenyewe kina rangi ya chungwa, kwa hiyo balbu iwe nyeupe; zile za rangi ya chungwa hata vipini vyake vya pembeni havikukaa mkabala, na ukizilazimisha utavunja soketi.

Rehema (saa 9:15 alasiri): Jabiri ameleta balbu na kuifunga mwenyewe. Kushoto 85, kulia 84. Nimehesabu mara mbili.

Babu (saa 9:18): Nimesikia mlio kutoka barazani. Ndio wenyewe.

Jabiri (saa 9:22): Na rilei hii je?

Mjomba Hamisi (saa 9:25): Kama risiti unayo, irudishe dukani kabla hujafungua boksi.

Jabiri (saa 9:27): Boksi nilishalifungua, Baba.